Kusoma Mabishano ya Wanahistoria wa Mambo ya Nje, Hatua kwa Hatua

Tarehe 2 Mei 1889, mahali paitwapo Wuchale, Menelik wa Ethiopia na mjumbe wa Italia, Pietro Antonelli, walikubaliana mkataba mmoja ulioandikwa kwa lugha mbili. Kifungu cha 17 kwa Kiamhari kilisema mfalme anaweza kuitumia serikali ya Italia katika shughuli zake na mataifa mengine. Kwa Kiitaliano kilisema anakubali kuitumia. Tarehe 1 Machi 1896 majeshi ya nchi hizo mbili yalikutana Adwa, na Italia ikapigwa vibaya. Karibu miaka sabini baada ya Adwa, wanahistoria wawili, Sven Rubenson na Carlo Giglio, walikuwa wakijibizana katika jarida moja la historia ya Afrika kuhusu kitenzi kile kile.

Msomaji mgeni akikutana na mvutano wa namna hii huwaza mojawapo ya mawili: ama mmoja wao anadanganya, ama historia ni maoni tu na kila mtu ana yake. Mawazo yote mawili ni uvivu. Mara nyingi wabishi hawa wamesoma karatasi zile zile, na kwa uaminifu. Wanapoachana ni kwenye siku walizoanzia kuhesabu, mji waliokaa wakaangalia dunia kutoka huko, na swali walilokuwa nalo kabla ya kufungua faili la kwanza. Kazi yako, kama unaandika tasnifu, makala au unataka tu kuelewa, ni kupata ile njia panda walipoagana. Nimepanga hatua sita. Ya nne ndiyo ndefu, kwa sababu ndiyo watu wengi wanayoiruka.

Hatua ya 1: Hakikisha wanajibu swali moja

Chukua Vita vya Korea. Ukiuliza nani aliyeanzisha, utadhani ni swali la ndiyo au hapana. Majeshi ya Kaskazini yalivuka mstari wa nyuzi 38 tarehe 25 Juni 1950. Mwaka 1994 Rais Boris Yeltsin alimkabidhi Rais Kim Young-sam wa Korea Kusini nakala za nyaraka za Kisovieti, na ndani yake ikaonekana wazi jinsi Kim Il Sung, kiongozi wa Kaskazini, alivyomwomba Stalin ruhusa ya kushambulia mara kwa mara, na jinsi Stalin huyo alivyoanza kulegeza msimamo mwezi Januari 1950. Wengi wakatangaza kwamba mjadala umefungwa.

Haukufungwa. Mwanahistoria Bruce Cumings, ambaye vitabu vyake viwili vikubwa kuhusu vita hivyo vilitoka mwaka 1981 na 1990, alikuwa akiuliza kitu kingine: kwa nini Wakorea walikuwa tayari kuuana? Kwake, vita vinaanzia mwaka 1945, kwenye kamati za wananchi zilizovunjwa, ugomvi wa ardhi, na watu waliowatumikia Wajapani wakarudishwa madarakani. Karatasi za Moscow zinamjibu anayeuliza nani alitoa amri ya Juni. Anayeuliza kuhusu mizizi zinamgusa kidogo tu.

Kwa hiyo, kabla ya kuandika chochote, kata karatasi vipande viwili. Andika swali la mwandishi wa kwanza kwa sentensi moja yenye alama ya kuuliza, na la pili vivyo hivyo. Yakiwa tofauti, usiandike kwamba wanapingana. Andika kwamba wanapishana, kisha eleza ni lipi kati ya maswali hayo lina uzito zaidi kwa kazi yako. Hatua hii inachukua nusu saa na inaokoa miezi. Mimi niliwahi kuandika kurasa arobaini za kusuluhisha ugomvi ambao, nilipousoma tena, haukuwepo.

Hatua ya 2: Mtengenezee kila mwandishi kadi ya mistari mitano

Mistari yenyewe ni hii: ameandika mwaka gani, anaangalia kutoka mji mkuu upi, simulizi yake inaanza tarehe ipi, anaamini nini ndicho kinachosukuma mambo (hofu, biashara, siasa za ndani, itikadi, tabia ya kiongozi), na amesoma karatasi za nchi zipi.

Vita Baridi ndiyo uwanja mzuri wa kujifunzia, kwa kuwa tabaka za mabishano zinaonekana moja juu ya nyingine. Waandishi wa miaka ya mwanzo, wengi wao Wamarekani, walieleza kwamba Umoja wa Kisovieti ulijitanua na Marekani ikajibu. Mwaka 1959 William Appleman Williams akageuza darubini: akaitazama Washington, akaanza hesabu yake miaka ya 1890, akasema msukumo mkubwa ulikuwa ni kutafuta masoko, ile sera ya mlango wazi. Vita vya Vietnam vilipopamba moto, vijana wengi wa vyuo vikuu wakamwona anasema kweli. Mwaka 1972 John Lewis Gaddis akaja na maelezo yaliyogawa lawama na kuzingatia jinsi siasa za ndani zilivyowabana viongozi. Yeye mwenyewe, mwaka 1983, alisema maafikiano mapya yanachipuka kati ya kambi zilizopingana. Mwenzake Warren Kimball akamkejeli kwamba hayo ni maelezo yale yale ya zamani, yameongezewa nyaraka tu. (Kejeli za wasomi zisome kwa makini. Mara nyingi sentensi moja ya kejeli inaonyesha njia panda ilipo kuliko sura nzima ya kitabu.)

Kisha Umoja wa Kisovieti ukavunjika mwaka 1991, baadhi ya makabati ya Moscow yakafunguliwa, na mwaka 1997 Gaddis yule yule akaandika akimtwika Stalin mzigo mkubwa zaidi kuliko alivyofanya mwanzo. Mwaka 2005 Odd Arne Westad akahamisha kiti kabisa: Vita Baridi ikitazamwa kutoka Angola, Afghanistan na Ethiopia haifanani na ile ya Berlin. Wengine wakaingia kwa mlango wa lugha na utamaduni. Frank Costigliola, kwa mfano, alichambua tamathali za mwili na za jinsia katika maandishi ya mwanadiplomasia George Kennan, akaonyesha jinsi hisia zilivyojificha ndani ya kile kilichopokewa kama uchambuzi baridi.

Ukijaza kadi za watu hawa utagundua jambo. Kadi ya Williams ina mwaka 1959, Washington, miaka ya 1890, masoko, karatasi za Kimarekani. Mstari wa tano ndio udhaifu wake, na ndiko wapinzani walikomshambulia: unawezaje kusema Stalin alikuwa anajihami wakati hujasoma chochote cha Stalin? Lakini mstari huo huo ulikuwa udhaifu wa waliomtangulia pia. Kadi zikiwekwa mezani pamoja, upendeleo wa kambi hauna pa kujificha.

Angalizo: mstari wa kwanza, mwaka wa kuandika, haumaanishi kwamba mtu ni mateka wa zama zake. Unakuambia tu karatasi zipi zilikuwa bado zimefungwa, na maswali yapi yalikuwa yakimwasha kila mtu.

Hatua ya 3: Chora kalenda, na ikibidi ishuke hadi saa

Hii ni fupi. Andika nani alijua nini, na alikijua lini. Julai 1914, siku za mwisho kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, ndiyo shule yake. Tarehe 28 Julai asubuhi Kaiser Wilhelm II wa Ujerumani alisoma jibu la Serbia kwa madai ya Austria-Hungaria, akaandika pembeni kwamba sasa kila sababu ya vita imeondoka. Siku hiyo hiyo Austria-Hungaria ikatangaza vita. Ukitazama tarehe peke yake utasema Kaiser alipuuzwa na Vienna. Ukishuka hadi saa, unaona kwamba ujumbe wa kuwazuia Waaustria ulicheleweshwa Berlin kwenyewe, ofisini kwa Kansela Bethmann Hollweg. Lawama inahama kutoka mji hadi mji kwa sababu ya saa chache.

Weka safu mbili kwenye kalenda yako: tukio lilipotokea, na habari ilipofika. Simu za maandishi zilitumwa kwa mafumbo, zikapaswa kufumbuliwa, na usiku makarani walilala.

Hatua ya 4: Chagua waraka mmoja, usome mpaka uchoke, halafu uusome tena

Turudi Wuchale. Maelezo ya haraka, ambayo utayakuta kila mahali, ni kwamba Kiamhari kilisema "anaweza" na Kiitaliano kikasema "lazima". Ni karibu na kweli, lakini si sawasawa.

Kitenzi cha Kiamhari ni *yichalachewal*, yaani anaweza, inawezekana kwake. Cha Kiitaliano ni *consente*: anakubali, anaridhia. Neno "lazima" halimo. Wala neno "himaya", yaani nchi kuwekwa chini ya ulinzi na usimamizi wa nchi nyingine, halimo katika kifungu hicho, kwa lugha yoyote. Italia ilikifanya kifungu kuwa himaya pale ilipoyaarifu mataifa ya Ulaya, tarehe 11 Oktoba 1889, ikitumia kifungu cha 34 cha makubaliano ya Berlin ya mwaka 1885, kilichohusu kuarifiana juu ya maeneo mapya na himaya katika pwani za Afrika. Kwa hiyo kuna nyaraka tatu, wala si mbili: matini ya Kiamhari, matini ya Kiitaliano, na barua ya taarifa. Anayesema tatizo lilikuwa tafsiri anazitazama mbili za kwanza. Anayesema tatizo lilikuwa hila ya Roma anaitazama ya tatu. Umeiona njia panda?

Sasa soma kifungu cha 19. Kinasema matini mbili zinalingana kabisa na zote ni rasmi. Kwa msomaji wa leo hiki ni kichekesho chenye uchungu, ila kwa mwanahistoria ni ushahidi. Maana yake ni kwamba Italia haikuwa na haki ya kisheria ya kusema Kiitaliano ndicho kinachotawala, na kwamba mtu fulani mezani alihakikisha, au alijifanya kuhakikisha, kwamba lugha hizo zinafanana. Nani huyo? Hapo ndipo Rubenson alipomwelekezea kidole Antonelli, aliyekuwa amekaa Shewa, eneo alilolitawala Menelik, miaka mingi na hakuwa mgeni wa mambo ya huko. Giglio hakukubali hukumu hiyo. Mabishano yao yote yanahusu nia, na nia haiandikwi kwenye mkataba. Inatafutwa katika rasimu, katika barua za Antonelli kwa wakubwa wake, katika maagizo aliyopewa kabla ya kuondoka.

Menelik alikuja kujuaje? Alikuwa amewaandikia watawala wa Ulaya moja kwa moja kuwaarifu juu ya kutawazwa kwake. Mwaka 1890 majibu yakamfikia, yakimwelekeza kwamba mambo yake yapitie Italia. Jibu la barua likawa tafsiri ya mkataba. Akalalamika kwa mfalme wa Italia, na mwaka 1893 akaukana mkataba wenyewe.

Kutokana na mfano huu, haya ndiyo maswali ya kuubana waraka wowote. Uliandikwa kwa lugha ngapi, na ipi ilitangulia? Kuna rasimu, na nini kilibadilika kati ya rasimu na nakala ya mwisho? Nani alikusudiwa kuusoma, na nani mwingine mwandishi alijua atausoma? Kuna maandishi pembeni ya ukurasa, na mwandiko ni wa nani? Waraka ulifanya nini baada ya kutoka mezani: ulitangazwa, ulifichwa, ulipelekwa wapi? Swali hili la mwisho hulisahau hata wazoefu. Waraka ni kitu kilichotenda jambo duniani, mbali na maneno yaliyomo.

Na kama lugha ya pili huijui? Sema hivyo katika utangulizi wako, tafuta tafsiri mbili za watu wasiofahamiana, uzilinganishe neno kwa neno pale tu mabishano yanapoangukia. Huhitaji kujua Kiamhari chote ili kufuatilia kitenzi kimoja, ila unahitaji unyenyekevu wa kutokukitolea hukumu peke yako.

Hatua ya 5: Uliza karatasi zipi hazipo, na nani amezitoa hizi zilizopo

Mwamba ngoma ngozi huivutia kwake, na serikali huzivutia kwake nyaraka. Baada ya Mkataba wa Versailles kuibebesha Ujerumani na washirika wake dhamana ya vita katika kifungu cha 231, wizara ya mambo ya nje ya Ujerumani ilichapisha, kati ya mwaka 1922 na 1927, mkusanyo mkubwa wa nyaraka za kidiplomasia za tangu 1871 hadi 1914. Ulikuwa hazina, ni kweli, na kwa miaka mingi wanahistoria wa nchi nyingi walikula hapo. Lakini aliyepika alikuwa na kesi mahakamani. Kwa kuanza mwaka 1871, mkusanyo ulimfanya msomaji atafute sababu za vita katika miongo mirefu ya mashindano ya mataifa yote, badala ya zile wiki tano za mwaka 1914. Mwanahistoria Mjerumani Fritz Fischer alipotoa kitabu chake mwaka 1961, akitumia mafaili ambayo wengi hawakuyagusa, akaiweka Berlin katikati ya lawama, kelele zilifika serikalini: mwaka 1964 fedha za umma za ziara yake ya mihadhara Marekani zilifutwa. Hiyo nayo ni sehemu ya kusoma mabishano. Wakati mwingine mjadala una mlipaji.

Karatasi ikiteketezwa mji mmoja, itafute mwingine. Oktoba 1956 wajumbe wa Uingereza, Ufaransa na Israel walikutana kwa siri Sèvres, karibu na Paris, wakapanga jinsi ya kuivamia Misri. Waziri Mkuu Anthony Eden alipojua kuna maandishi yenye saini alihamaki, akawatuma maofisa Paris wakaombe nakala ziharibiwe. Ya Waingereza iliteketea. Ya Israel ikabaki. Mwezi Desemba mwaka huo Eden alisimama bungeni akasema hapakuwa na kujua mapema kwamba Israel ingeishambulia Misri. Aliyetegemea mafaili ya London peke yake angepata picha ya serikali iliyoshtukizwa.

Ziangalie pia sheria za kufungua mafaili. Uingereza iliweka miaka 50 mwaka 1958, ikashusha hadi 30 mwaka 1967, kisha sheria ya mwaka 2010 ikaamua kushuka taratibu hadi 20. Kila mlango unapofunguka, linatokea wimbi la vitabu vinavyodai kusahihisha kila kitu. Vipokee kwa hamu, lakini uliza: wimbi hili linasahihisha jibu, au limeleta swali jipya tu?

Tawasifu za wakubwa zinahitaji tahadhari ya peke yake. Kitabu cha Robert Kennedy, ndugu wa Rais John Kennedy wa Marekani, kuhusu mgogoro wa makombora ya Cuba kilitoka baada ya kifo chake. Mwaka 1989, katika mkutano wa Moscow, Theodore Sorensen, aliyekuwa msaidizi wa Rais Kennedy, alikiri kwamba yeye ndiye aliyekihariri, na kwamba aliondoa maelezo ya wazi juu ya makubaliano ya kuondoa makombora ya Marekani nchini Uturuki. Kwa miaka ishirini watu walifundishwa kwamba Rais Kennedy hakutoa chochote, kwamba msimamo mkali ndio ulioshinda. Baadaye telegramu ya Dobrynin, balozi wa Kisovieti nchini Marekani, ya tarehe 27 Oktoba 1962 ilipochapishwa, mazungumzo juu ya Uturuki yakasomeka upande wa pili wa meza. Unapokuwa na tawasifu, kanda za vikao vya Ikulu ya Marekani, na telegramu ya balozi wa upande wa pili, ziweke bega kwa bega kwa saa ile ile moja ya siku ile ile. Usichukue wastani wake. Tafuta nani alikuwa na sababu ya kunyamaza kuhusu nini.

Hatua ya 6: Andika msimamo wako ili mtu aweze kuupinga

Kosa la kawaida la anayeanza ni kumaliza kwa kusema pande zote zina hoja. Mara chache ni kweli, na hata ikiwa kweli haimsaidii mtu. Kosa la pili ni kujiunga na kambi kama mtu anavyochagua timu. Msimamo mzuri una vitu vitatu: unataja njia panda yenyewe, unasema ni ushahidi gani umekuelekeza upande mmoja, na unasema ni karatasi gani ikipatikana ingekufanya ubadili mawazo. Hiki cha tatu ndicho kipimo. Ukikosa cha kuandika hapo, basi una imani tu, hujapata hoja.

Jaribu pia kuondoa sababu moja na uone kama jengo linasimama. Bila kifungu cha 17, je, Italia na Ethiopia zisingepigana? Ukizingatia kwamba Italia ilikuwa tayari Massawa, bandari ya Bahari ya Shamu, tangu 1885 na ilishapigana na Waethiopia Dogali mwaka 1887, jibu la haraka linakuwa gumu kidogo, na kitenzi kinapungua uzito bila kupotea.

Huu hapa mfano wa aya ya kumalizia, kama ningeulizwa kuhusu Wuchale leo:

"Rubenson na Giglio wamebishana juu ya nia ya Antonelli, nami naona hoja ya kwamba alijua tofauti iliyokuwepo ina nguvu zaidi, kwa kuwa alikuwa mzoefu wa Shewa na alikuwa na kila sababu ya kuthibitisha matini. Hata hivyo, sidhani nia yake ndiyo iliyoamua mambo. Neno la Kiitaliano lilikuwa 'anakubali', na lingeweza kubaki bila madhara kama Roma isingelichukua kwenda kutangaza himaya tarehe 11 Oktoba 1889. Kwa hiyo naweka uzito kwenye ile taarifa kuliko kwenye tafsiri. Ikipatikana rasimu inayoonyesha kwamba Menelik au washauri wake walikiona kitenzi cha Kiitaliano na kuelezwa maana yake kabla ya tarehe 2 Mei, nitalazimika kuiandika aya hii upya."